Nyota nne kwa kisanduku cha tishu zisizo tishu

Nyota nne kati ya tano. Ile ya tano imeliwa na kijitabu cha maelezo kilichomo ndani. Slaidi zenyewe, ukiondoa chache nitakazozitaja kwa namba, ni kazi ya mtu anayejua kuitumia mikrotomu, mashine ya kukata sampuli nyembamba.

Kisanduku ni cha plastiki ngumu, kina slaidi 20 za hadubini ndani ya mifereji yenye namba, na jalada linatangaza "tishu za kuvu, kuvumwani na mwani". Kiwanda sikitaji, ninachopima hapa ni vioo na rangi. Kazi yangu ni kuandaa mazoezi ya vitendo ya biolojia kwa wanafunzi wa mwaka wa kwanza, na mara nyingi sampuli nazikata mwenyewe kwa wembe wa kunyolea. Lakini kuna vitu ambavyo wembe wa mkononi unavikataa: sklerotia, kokwa ngumu la kuvu, iliyokauka ikakakamaa, kuvumwani inayopukutika ukiigusa, uyoga ambao siku ukiuhitaji haujaota. Kwa vitu hivyo slaidi ya kununua ina maana.

Kilichonivuta kwenye seti hii, na si zile za kawaida zenye mguu wa mende na bawa la nzi, ni kwamba karibu slaidi zake zote zinazunguka jambo moja ambalo wanafunzi hulikariri bila kuliona kwa macho: sudoparenkima. Nilieleze kwanza, maana bila hilo nusu ya malalamiko yangu hayatakuwa na miguu.

Parenkima ni tishu laini ya kujaza: kiini cha shina, sehemu kubwa ya mzizi mchanga, nyama ya tunda. Neno ni la Wagiriki. Tabibu Erasistratos, katika karne ya 3 kabla ya Kristo, alilitumia kwa nyama ya viungo kama ini, akidhani ni kitu kilichomiminika kutoka kwenye mishipa kikaganda. Karne ya 17 Nehemiah Grew akalihamishia kwenye mimea, na huko likaota mizizi. Seli za parenkima ya mmea zinazaliwa kwa kugawanyika: seli moja inakuwa mbili, ukuta mpya unajengwa katikati yao, na kwa kuwa mgawanyiko unaweza kwenda upande wowote, juu na chini, kushoto na kulia, mbele na nyuma, linapatikana bonge la seli ambazo hazijawahi kuachana tangu kuzaliwa. Kuta zao zimegandishwa kwa pektini, na ndani ya kuta hizo mna vitundu vyembamba vinavyounganisha sitoplazimu ya seli moja na ya jirani yake.

Kuvu haina mambo hayo. Kuvu ni nyuzi, ndizo hifa. Hifa inarefuka kwenye ncha, inatoa matawi, na ikijigawa inaweka ukuta wa kukingama tu. Kitu chochote kinene ukionacho kwenye kuvu, iwe shina la uyoga, kofia yake au kokwa ngumu la sklerotia, kimetokana na nyuzi zilizokusanyika, zikasukana, zikashikana. Jina la jumla la msuko huo ni plektenkima. Kama nyuzi bado zinatambulika, zimelala karibu sambamba na seli zake ni ndefu, hiyo ni prosenkima. Kama zimebanana na seli zimevimba zikawa za duara au za pembepembe, mpaka huwezi kusema uzi huu umeanzia wapi na ule umeishia wapi, hapo una sudoparenkima, yaani parenkima ya uongo. Kwa sura ni parenkima. Kwa kuzaliwa siyo.

Na hapa kuna kichekesho kidogo. Bichat, tabibu Mfaransa aliyeliweka neno tishu kwenye anatomia mnamo 1800 na 1801, alilitoa kwenye nguo. Kwa lugha yake maana yake ni kitu kilichofumwa. Seli za ini hazijafumwa na yeyote. Uyoga ndio uliofumwa, na ndio tunaounyima jina.

Haya, tufungue kisanduku.

Namba 1 ni mkato wa kukingama wa shina la alizeti, Helianthus, na walifanya jambo la busara kuanza na kitu halisi kabla ya kuonyesha cha uongo. Safranini imezipa wekundu kuta zenye lignini, rangi ya kijani imekaa kwenye selulosi, na katikati ya shina kuna parenkima ya kutosha macho: seli kubwa, kuta nyembamba, na kila seli tatu zinapokutana pana kinafasi cha pembetatu. Mwanafunzi akae hapa dakika kumi kabla ya kugusa nyingine. Atazihitaji.

Namba 2 hadi 5 ni za kupita. Kuna lamela, yaani vile vijipande vyembamba vya chini ya kofia, za uyoga wa Coprinus, safi, zenye basidia (seli zinazobeba spora) na spora nyeusi. Kuna lamela za Agaricus bisporus, nazo zina mkasa wake: mchoro wa kijitabu unaonyesha spora nne juu ya kila basidia, wakati uyoga huu wa kufugwa kwa kawaida hubeba mbili, na slaidi inaonyesha mbili, wazi kabisa. Mwanafunzi makini ataona, atadhani kaona vibaya. Namba 4 na 5 ni mikato ya shina la uyoga, nazo nitazirudia kwa hasira baadaye kidogo.

Namba 6 ndiyo iliyonifanya nisamehe mengi. Ni nyama ya kofia ya Russula. Aliyewahi kuushika uyoga huu anajua shina lake halichaniki kwa nyuzi kama la uyoga mwingi; linakatika pap, kavu. Sababu iko kwenye kioo hiki. Badala ya hifa ndefu peke yake, nyama yake imejaa seli za duara zilizovimba, zinaitwa sferosisti, zimekaa vikundi vikundi, na katikati ya vikundi hivyo zinapita hifa nyembamba. Ukianza na lenzi ya 10 utaapa kwamba unatazama parenkima ya mmea. Ukihamia ya 40 na kufuatilia ukingo wa kikundi kimoja, unaziona zile hifa nyembamba zikijipenyeza kati ya mipira. Sijaona slaidi nyingine ya kununua inayoeleza kwa uzuri hivi kwamba umbo la seli ndani ya kuvu linabadilisha jinsi nyama yake inavyovunjika mkononi. Rangi ya bluu haikuzidishwa. Mkato ni mwembamba. Aliyeikata hii aongezwe mshahara.

Namba 7, Claviceps purpurea, kuvu inayoshambulia masuke ya nafaka na kuacha pembe nyeusi mahali pa punje. Pembe hiyo ndiyo sklerotia, na ndiyo iliyobeba alkaloidi zilizowatesa watu wa Ulaya katika karne za kati kwa ugonjwa waliouita moto wa Mtakatifu Antoni. Kwenye slaidi kuna gamba la nje la seli ndogo zenye kuta nene za rangi nyeusi, kisha ndani seli nyeupe za pembepembe, zimebanana. Hii ni sudoparenkima ya kuonyeshea darasani. Zile nafasi tupu ndani ya seli zisikutie wasiwasi: sklerotia huweka akiba ya mafuta, na mafuta huyeyuka katika vimiminika vinavyotumika kuandaa sampuli kabla ya kuikata. Kijitabu hakisemi, na kila kundi la wanafunzi litauliza.

Namba 8 ni Peziza, kuvu ya kikombe. Juu kuna safu ya vifuko vya spora, kila kifuko na spora nane zimepangana, na chini yake ukuta wa kikombe wenye seli kubwa za mviringo. Nzuri. Waliobobea kwenye kuvu za kikombe wana majina ya Kilatini ya kutenganisha aina za msuko huu: textura globulosa kwa seli za mviringo, angularis kwa za pembepembe, intricata kwa nyuzi zilizosukana ovyo, na mengine. Majina hayo yanatumika kila siku kutambua spishi. Kijitabu kimeyaruka yote, kikaandika "tishu" basi.

Sasa namba 9, Xanthoria parietina, ambayo kwangu ndiyo moyo wa kisanduku. Ni kuvumwani, yaani kuvu na mwani wanaoishi pamoja katika mwili mmoja, jambo ambalo mtaalamu wa mimea Simon Schwendener alilitangaza mwaka 1867 na wataalamu wengi wa kuvumwani wa wakati wake wakalikataa. Mkato wake unasomeka kutoka juu kwenda chini. Juu kabisa gamba: seli zimebanana, sudoparenkima safi. Chini yake ukanda wa mwani, vijimpira vya kijani. Kisha eneo la katikati, hifa zimelegea, hewa tele. Kisha gamba la chini, limebanana tena. Tabaka tatu kati ya hizo nne zimejengwa na kuvu ileile, kwa hifa zilezile. Sogeza slaidi polepole pale gamba la juu linapokutana na ukanda wa mwani, cheza na skrubu ndogo ya kulenga ya hadubini, utaona seli za pembepembe zikirefuka, zikiachana, zikigeuka nyuzi. Hakuna mpaka. Mwanafunzi aliyeliona hilo hataniandikia tena kwenye mtihani kwamba sudoparenkima ni "aina ya seli". Ni namna ya kukaa.

Kama ningeruhusiwa kununua slaidi mbili tu, ningechukua 6 na 9 na kuondoka.

Nirudi kwa namba 4 na 5, na niiongeze namba 10, kamba nyeusi za kuvu iitwayo Armillaria. Zote tatu zimekatwa kwa kukingama tu. Hapa ndipo watengenezaji walipoteleza, na kosa lenyewe linagusa kiini cha somo. Kata tita la kuni kwa msumeno, utazame uso uliokatwa: miduara mitupu. Huwezi kujua kama ulichokata ni vijiti virefu au mipira iliyopangwa. Ndivyo ilivyo kwa shina la uyoga. Hifa zake kwa sehemu kubwa zinapanda sambamba kutoka chini kwenda juu. Ukizikata kwa kukingama unapata duara kando ya duara, na mwanafunzi, ambaye ametoka kutazama alizeti ya namba 1, anaandika "sudoparenkima" bila kusita. Kijitabu nacho kinamuunga mkono: maelezo ya namba 4 yanasema hivyohivyo. Lakini shina hilohilo ukilikata kwa marefu, ni nyuzi ndefu tupu. Prosenkima. Mkato mmoja umekudanganya, na ungehitaji wa pili kuufichua.

Kwa hiyo seti inayojitangaza kufundisha tofauti hii ilipaswa kuwa na mikato miwili ya kila kitu chenye mwelekeo: shina, kamba, mguu. Slaidi 20 zingetosha kabisa, wangepunguza mwani. Mtu anayetaka kuziokoa namba hizi tatu ana njia mbili. Ya kwanza, zungusha skrubu ndogo taratibu juu na chini huku ukikazia macho ukuta mmoja. Kwenye nyuzi zilizokatwa kwa kukingama, duara linaendelea kuwepo unene wote wa mkato, halifungwi. Kwenye seli za mviringo, duara linapanuka kisha linajifunga. Njia hii inataka mkato mnene kiasi na subira kubwa. Ya pili ni kutafuta uyoga mbichi, kuchana kipande kidogo cha shina kwa urefu, kukiweka ndani ya tone la maji na kukichambua kwa sindano mbili. Mwanafunzi atazivuta nyuzi moja moja. Parenkima ya alizeti haivutiki hivyo, inapasuka.

Armillaria inauma zaidi kwa kuwa kamba zake zina hadithi ya kusimulia. Ndizo zinazotambaa ardhini kutoka mti hadi mti, na kwa mwendo huo Armillaria mmoja katika msitu wa Malheur, Oregon, Marekani, umeenea hekta 965. Ndani ya kamba kuna mpango: gamba jeusi la seli ndogo zilizobanana, na moyo wa hifa ndefu zilizolegea. Mkato wa marefu ungeonyesha ncha inayokua na jinsi nyuzi zinavyopangwa nyuma yake. Sisi tumepewa sahani ya mviringo yenye pete nyeusi.

Namba 11 ni Trametes versicolor, kuvu ya magogo, na ni nzuri kuliko nilivyotegemea. Mtaalamu wa mimea E. J. H. Corner mwaka 1932 alionyesha kwamba kuvu za namna hii hujengwa na hifa za kazi tofauti: za kuzalisha, zenye kuta nyembamba, za mifupa, zenye kuta nene na ndefu, na za kufunga, zenye matawi mengi yaliyojikunja. Trametes hii ina zote tatu, ndiyo maana haichaniki hata ukiivuta kwa nguvu. Slaidi inazionyesha ukiwa na lenzi ya 40 na mwanga uliofinywa. Kijitabu kina mstari mmoja: "tishu ngumu ya kuvu". Mtu alitoa jasho kuikata, mwingine akaitupa kwa maneno manne.

Za 12 hadi 15 zinarudia uyoga na kuvumwani za aina nyingine. Hakuna jipya, hakuna baya.

Mwani unaanzia namba 16. Hii ni Codium, mwani wa kijani wa baharini, na ni ajabu ya aina yake: mirija iliyosukana, karibu haina kuta za kukingama, kiasi kwamba kile kinachoonekana kama safu ya seli nono pembeni ni ncha za mirija zilizovimba. Kwa sura ni kama tishu, na mle ndani huoni seli unayoweza kuitenga ukaihesabu. Namba 18 ni Nemalion, mwani mwekundu, nyuzi nyingi zinakwenda katikati na kutawanyika kuelekea nje. Hii pia ni sudoparenkima kwa mujibu wa wanasayansi wa mwani, na kijitabu kimepatia. Ni vizuri mwanafunzi ajue kwamba neno si mali ya kuvu peke yake.

Namba 17 ndiyo ninayoilalamikia rasmi. Ni Laminaria, mwani mkubwa wa kahawia, na lebo inasema "sudoparenkima". Siyo. Mwani hawa hukua kwa seli zinazogawanyika pande zote, na gamba lao ni parenkima ya kweli kabisa, ingawa si mimea ya nchi kavu. Naona kilichomponza mwandishi. Katikati ya mwili wa Laminaria kuna nyuzi zilizosukana ambazo wataalamu wenyewe huziita hifa, pamoja na seli ndefu zenye ncha zilizopanuka zinazosafirisha chakula, maarufu kama seli za tarumbeta. Nyuzi hizo zinachipuka kutoka kwenye seli za gamba baada ya mwili kujengeka. Akaona nyuzi, akasikia hifa, akamalizia mwenyewe. Ni kosa linaloeleweka, lakini linavuruga mfano pekee ndani ya kisanduku ambao ungemwonyesha mwanafunzi parenkima ya kweli nje ya mimea ya nchi kavu.

Namba 19 na 20 ni mchanganyiko wa spora. Sijui zimefuata nini humu.

Kuhusu ufundi. Kijitabu kinadai mikato yote ni ya mikromita 10. Kwa 6, 7, 9 na 11 naamini. Kwa 12 na 14 siamini, maana seli zinalaliana ghorofa mbili. Hifa nyingi zina upana wa mikromita 2 hadi 10. Mkato ukizidi hapo sana, unatazama nyuzi tatu zimepandana na kila kitu kinageuka ukungu. Vioo vya kufunikia ni sawa isipokuwa viwili vilivyo vinene kiasi kwamba lenzi ya 100 ya mafuta inagusa kioo kabla picha haijatulia. Rangi ya bluu kwenye kuvu imeingia vizuri, ila rangi peke yake haitakuambia kama ukuta ni wa kitini, kama wa kuvu, au wa selulosi, kama wa mmea. Hilo ulijue kabla hujamwambia mwanafunzi "bluu maana yake kuvu". Lebo zina namba na jina la Kilatini, hazitaji mwelekeo wa mkato. Kwa seti kama hii hilo ni sawa na kuuza ramani isiyoonyesha kaskazini.

Kijitabu sasa. Nimeshakidonoa njiani, nimalizie mawili.

La kwanza, kinaandika kwamba sudoparenkima ni tishu "dhaifu" au "isiyokamilika". Mwandishi amelisoma neno la uongo akaongeza hukumu yake. Sklerotia ya Claviceps inadondoka chini, inalala udongoni majira yote ya baridi, kisha inachipua vijiti vyenye vichwa vilivyojaa spora. Udhaifu uko wapi? Uongo unaosemwa ni wa nasaba tu. Na hata nasaba yenyewe haina ukuta wa chuma: kuna kuvu za kundi la Laboulbeniales, zinazoishi juu ya wadudu, ambazo mwili wake hautokani na nyuzi zilizosukana bali na seli za spora moja zinazoendelea kugawanyika kwa utaratibu. Sentensi moja juu yao ingemwokoa mwanafunzi na imani kwamba kuvu zote bila ubaguzi ni nyuzi.

La pili ni neno stroma. Kijitabu kinalitumia mara kwa mara bila kulieleza, na hili ni neno lenye wamiliki watatu. Kwenye kuvu, stroma ni bonge la plektenkima ambalo ndani yake au juu yake vinaota viungo vya kuzaa. Kwa daktari, stroma ni tishu ya kushikilia kiungo, kinyume cha parenkima ya kiungo hicho, ambayo kwake ni seli zinazofanya kazi yenyewe, kama seli za ini ndani ya ini. Na mwanafunzi wa mwaka wa kwanza ametoka jana kujifunza stroma ya kloroplasti, ambayo ni majimaji. Mpe kijitabu hiki bila maelezo, atakwambia kuvu zina kloroplasti. Nimeshaandikiwa.

Kuna mnunuzi mmoja wa kuonywa mapema. Siku hizi ukisema "vitu vinavyofanana na tishu", wengi wanafikiria oganoidi, yale mabonge madogo yanayooteshwa maabara kutokana na seli shina, kama utumbo mdogo ulioripotiwa mwaka 2009 na ubongo mdogo wa 2013. Hayo ni seli za wanyama zilizojipanga zenyewe nje ya mwili, habari tofauti kabisa, na humu hamna hata moja. Jalada lingeweza kusema wazi. Picha yake ya seli za waridi zinazong'aa inamvuta mtu huko, wakati ndani ya kisanduku hakuna slaidi yenye rangi hiyo.

Nani anunue? Mwalimu mwenye hadubini za lenzi ya 10 na ya 40, ambaye tayari anaijua mada na hahitaji kijitabu. Huyo atapata thamani yake kwenye 1, 6, 7, 8, 9 na 11 peke yake. Mwanafunzi anayejisomea bila mwalimu asubiri, maana kijitabu kitamfundisha mambo matatu ya uongo kabla hajafika katikati. Mtaalamu wa kuvu hatapata kitu. Anataka vifungo vya hifa na matundu ya kuta, na hayo hayatoki kwenye mikato hii.

Mimi nimekiweka kabatini, mbali na dirisha kwa sababu ya rangi. Lebo ya 17 nimeibandikia karatasi iliyoandikwa "parenkima ya kweli, tazama katikati". Za 4, 5 na 10 nazitoa tu siku ambayo kuna uyoga mbichi mezani wa kukatwa kwa marefu. Kijitabu nimekitenga, nakitumia kwenye zoezi la kutafuta makosa.